Opera Isiyo na Waimbaji: Erich Wolfgang Korngold, kutoka Vienna hadi Hollywood

Asanteni kwa makaribisho. Walimu wangu, wanamuziki, na nyinyi vijana wa sanaa za maonyesho mliojaza viti vya nyuma mkaacha vya mbele vitupu: sogeeni, huku mbele hakuna mtihani.

Niliombwa nizungumzie mtunzi wa muziki wa jukwaa na wa filamu. Nimemchagua mtu ambaye waandishi wengi humkata vipande viwili. Kipande cha kwanza ni mtoto wa ajabu wa Vienna, bingwa wa opera. Cha pili ni mwajiriwa wa Hollywood aliyetungia filamu za maharamia na mapanga. Kisha husikitika: kipaji chote kile kikaishia sinema! Mimi nimekuja kubisha. Ninavyoona, Korngold alifanya kazi moja tu maisha yake yote, na kazi hiyo ilikuwa ya jukwaani. Lililobadilika ni jukwaa.

Alizaliwa tarehe 29 Mei 1897 katika mji wa Brünn, ambao leo ni Brno katika Jamhuri ya Czech. Siku hizo ulikuwa ndani ya himaya ya Austria na Hungaria. Familia yake ilikuwa ya Kiyahudi. Baba yake, Julius Korngold, alisomea sheria lakini aliishi kwa kalamu. Walihamia Vienna, na huko mzee Julius akawa mhakiki wa muziki wa gazeti la Neue Freie Presse, akikalia kiti kilichokuwa cha Eduard Hanslick, mhakiki aliyeogopwa kuliko wote katika zama zake. Lile jina la Wolfgang alimpa mwanawe kwa ajili ya Mozart. Mtoto hajafungua macho, tayari amebebeshwa mzigo.

Ila mtoto aliuweza. Mwaka 1906, akiwa na umri wa miaka 9, alipelekwa kwa Gustav Mahler, aliyekuwa mkurugenzi wa Opera ya Kifalme ya Vienna, akampigia piano kazi aliyoitunga mwenyewe. Mahler akasema huyu ni jiniasi, na akashauri apelekwe kwa mtunzi Alexander von Zemlinsky akasomeshwe. Baba hakukurupuka kumtangaza. Alichapisha kazi chache za mwanawe kwa siri na kuzituma kwa wataalamu walioishi nje ya Vienna, ili wasidhani wanaombwa fadhila. Mtunzi mashuhuri wa Ujerumani, Richard Strauss, alijibu kwamba alipozisoma alishikwa na hofu.

Sasa naomba mnisikilize vizuri, maana hoja yangu yote inaanzia hapa. Tarehe 4 Oktoba 1910, Opera ya Kifalme ilionyesha kazi ya kijana huyu wa miaka 13, iitwayo Der Schneemann, yaani mtu wa theluji. Zemlinsky ndiye aliyeupangia okestra muziki huo, yaani kuigawia kila ala sehemu yake, kwani mwanafunzi alikuwa bado hajafika hapo. Mchezo wenyewe ni mwepesi: Pierrot anampenda Columbine, mlezi wa binti anamzuia, basi Pierrot anajifanya sanamu la theluji ili amkaribie mpenzi wake. La kuzingatia ni hili: hii ilikuwa pantomimu. Hakuna anayeimba, hakuna anayesema neno. Kuna miili inayotembea, inayojificha, inayonyemelea, na kuna okestra inayoambia watazamaji kilichomo moyoni mwa kila mmoja.

Watu wanaposema Korngold alijifunza muziki wa filamu alipofika Marekani akiwa na miaka 37, mimi huwauliza: na ile pantomimu? Filamu zenye sauti zilikuwa bado hazijazaliwa, naye tayari anafuata hatua za mwigizaji kwa nota.

Vienna ilimpenda, na Vienna ilimsengenya. Wapo waliosema muziki ni wa baba. Wapo walioapa kwamba waimbaji na wapiga piano wanamwimba na kumpiga kwa kuogopa kalamu ya baba. Kulikuwa na mzaha mjini: mpiga piano mmoja anaulizwa, "Nasikia unapiga sonata ya Korngold. Je, inalipa?" Naye anajibu, "Sonata yenyewe hailipi, ila baba yake analipa." Cheka, lakini mfikirie kijana anayeishi na mzaha wa namna hiyo. Baba wa hivi ni baraka na balaa kwa pamoja, na Erich hakuwahi kumtoka kabisa hadi mzee alipofariki mwaka 1945.

Mwaka 1916 opera zake mbili fupi, Der Ring des Polykrates na Violanta, zilionyeshwa Munich kwa usiku mmoja, okestra ikiongozwa na Bruno Walter. Vita Kuu ya Kwanza ilikuwa inaendelea, na Korngold aliitumikia jeshini kama kiongozi wa muziki wa kikosi. Husimuliwa kwamba aliwatungia askari machi, ofisa akalalamika kwamba inakwenda mbio mno. Korngold akamjibu kuwa hiyo ni ya kurudi nyuma.

Na sasa Die tote Stadt, yaani mji uliokufa. Nitakaa hapa kidogo. Ilionyeshwa mara ya kwanza tarehe 4 Desemba 1920 katika miji miwili usiku uleule, Hamburg na Cologne, kwa sababu majumba yote mawili yaliigombea. Cologne aliongoza Otto Klemperer. Mtunzi alikuwa na miaka 23. Maneno ya opera yaliandikwa kwa jina la Paul Schott, mtu ambaye hakuwepo: walikuwa ni Erich na baba yake wamejificha nyuma ya jina moja. Hadithi ilitokana na riwaya ya Mbelgiji Georges Rodenbach kuhusu mji wa Bruges.

Paul amefiwa na mkewe, Marie. Nyumbani ametenga chumba, ameweka picha zake, na ndani ya sanduku la kioo ameweka suka la nywele za marehemu. Siku moja anakutana na mcheza dansi, Marietta, anayefanana na marehemu kupita kiasi. Anamwalika nyumbani, anampa kinanda cha nyuzi, na Marietta anaimba wimbo wa zamani kuhusu furaha iliyobakia. Ndio wimbo maarufu kuliko yote aliyoitunga Korngold. Anaanza Marietta, Paul anaingia, na wimbo unakuwa wa wawili. Marietta anaimba kwa sababu wimbo ni mzuri. Paul anaimba kwa sababu aliwahi kuusikia kwa mkewe. Lahani moja, watu wawili, na kila mmoja yuko katika hadithi yake. Ni okestra peke yake inayozijua hadithi zote mbili.

Baadaye mambo yanaharibika: mapenzi, ugomvi, wivu, hadi Paul anamnyonga Marietta kwa lile suka. Kisha anazinduka. Ilikuwa ndoto. Marietta yu hai, amerudi kuchukua mwavuli aliousahau. Mwavuli! Napenda mtunzi asiyeogopa kuweka mwavuli baada ya mauaji.

Mbinu ya kila mhusika kuwa na lahani yake, inayogeuka kadiri anavyogeuka yeye, Korngold hakuibuni. Wagner, mtunzi wa opera wa Ujerumani, ndiye aliyeifikisha mbali. Ila kijana huyu alikuwa na kasi. Anabadili hali ya moyo ndani ya pumzi moja, kutoka mzaha hadi kilio, na mshono huuoni. Kasi hiyo ndiyo filamu ilikuja kuihitaji.

Opera hiyo ilienea haraka. Mwaka 1921 ilifika Metropolitan Opera ya New York, Maria Jeritza akiimba. Kazi iliyofuata, Das Wunder der Heliane ya mwaka 1927, haikubahatika. Majira yalikuwa yamegeuka: mwaka huohuo Ernst Krenek alitoka na Jonny spielt auf, opera yenye mirindimo ya jazi, na kila mtu alitaka hiyo. Baba Korngold akatumia gazeti kumshambulia Krenek, jambo lililomdhuru mwanawe zaidi kuliko lilivyomsaidia. Ubishi ulivuma hadi zikatengenezwa sigara mbili Austria, moja ikaitwa Jonny na nyingine Heliane. Kusema kweli, Heliane ni nzito. Ina kurasa za ajabu, lakini mtazamaji anashibishwa asubuhi mpaka usiku bila kupewa maji.

Alikuwa ameoa mwaka 1924, mkewe Luzi von Sonnenthal akitoka ukoo wa watu wa tamthilia, na wakapata watoto wawili wa kiume. Riziki aliipata kwa kuzifanyia ukarabati opereta, yaani opera nyepesi, za kina Johann Strauss na Offenbach. Kazi hiyo ilimkutanisha na Max Reinhardt, mwongozaji mkubwa wa tamthilia wa Ulaya ya Kijerumani. Mwaka 1929 walifanya pamoja Die Fledermaus jijini Berlin. Na Reinhardt ndiye aliyemwita Hollywood mwaka 1934, alipokuwa anatengenezea kampuni ya Warner Bros. filamu ya A Midsummer Night's Dream, tamthilia ya Shakespeare, kwa muziki wa Mendelssohn.

Hapo kuna kisa kinachosimuliwa sana. Korngold anaingia studio, anauliza futi moja ya filamu inachukua muda gani kupita. Anaambiwa theluthi mbili za sekunde. Anasema: ahaa, sawasawa na mwanzo wa ile skerzo, kile kipande cha mwendo wa haraka, ya Mendelssohn! Kisa kiwe kimetiwa chumvi au la, ile theluthi mbili ni hesabu sahihi: picha 24 kwa sekunde, picha 16 kwa futi. Na inasemekana alifika hadi uwanjani wakati wa kupiga picha, akiwaongoza waigizaji kwa mkono, waseme maneno yao kwa mwendo ambao muziki utauhitaji baadaye. Huyo ni mtu wa opera. Kwake mwigizaji anayesema ni mwimbaji ambaye bado hajaanza kuimba.

Mwaka 1935 ikaja Captain Blood, iliyomtoa mwigizaji Errol Flynn. Muda ulikuwa takriban wiki tatu, kwa hiyo mahali pengine aliazima muziki wa Liszt, na kwa uaminifu akakataa kuandikwa mtunzi; akataka iandikwe kwamba ameupanga tu. Mwaka uliofuata muziki wake wa Anthony Adverse ulishinda Oscar, na sanamu akapewa mkuu wa idara ya muziki ya studio, Leo Forbstein, kwa kuwa kanuni za wakati ule zilikuwa hivyo. Mtunzi anatunga, bosi anabeba. Naona wanamuziki hapa mnatazamana.

Alifanyaje kazi? Hakupenda kukaa na saa mkononi akihesabu sekunde. Usiku alikaa kwenye chumba cha maonyesho chenye piano. Filamu ikawa inarushwa ukutani, naye anapiga papo hapo, mara ya kwanza, mara ya pili, mara ya tano, hadi muziki unakaa. Kupanga okestra alisaidiana na wengine, hasa Hugo Friedhofer. Waigizaji wanapozungumza, aliweka muziki chini kidogo ya kimo cha sauti zao, kisha wakinyamaza anauachia upande. Jaribuni kuitazama filamu yake mkiwa mmefumba macho: mtasikia mazungumzo yamelala juu ya okestra kama mwimbaji anavyolala juu yake katika opera. Yeye mwenyewe hutajwa kusema kwamba Tosca ya Puccini ndiyo muziki bora wa filamu uliowahi kutungwa.

Mkataba wake nao ulikuwa wa mtu anayejijua. Filamu chache kwa mwaka, na haki ya kuzitumia lahani zake mwenyewe popote apendapo. Kumbukeni hilo la haki, tutalirudia.

Sasa The Adventures of Robin Hood. Januari 1938 Korngold alikuwa Vienna akisubiri onyesho la opera yake mpya, Die Kathrin. Simu ya maandishi ikaja kutoka Hollywood. Akapanda meli na mkewe na mtoto mdogo. Alipoitazama filamu mwezi Februari, alikataa. Alimwandikia mtayarishaji Hal Wallis kwamba yeye ni mwanamuziki wa moyo na wa nafsi, si wa kuchorea filamu ambayo karibu yote ni vurumai. Forbstein akamfuata nyumbani kumsihi. Siku hizohizo habari zikafika kwamba kansela wa Austria, Schuschnigg, ameitwa kuonana na Hitler. Korngold akakubali, kwa sharti la kulipwa wiki kwa wiki ili aweze kuondoka wakati wowote. Tarehe 12 Machi majeshi ya Ujerumani yaliingia Austria. Wazazi wake na mtoto wake mkubwa walifanikiwa kutoka. Nyumba ya Vienna ilinyang'anywa. Baadaye alikuwa akisema kwamba Robin Hood ndiye aliyeokoa maisha yake.

Na ndani ya filamu ile kuna jambo. Mwaka 1920 Korngold alikuwa amesikilizisha Vienna kazi ya okestra iitwayo Sursum Corda. Wasikilizaji wa Vienna hawakuipenda. Miaka 18 baadaye alizichukua lahani zake akazitia ndani ya Robin Hood. Muziki uleule uliokataliwa ukumbini ukashinda Oscar mwaka 1939, na safari hii sanamu ikaenda kwa mtunzi mwenyewe, kwa kuwa kanuni ilikuwa imebadilishwa. Sasa niambieni: hiyo lahani ni ya ukumbini au ya sinema? Ikiwa ni ya kiwango cha chini kwa kuwa iko kwenye filamu, ilikuwa ya kiwango gani mwaka 1920?

Zilizofuata nitazipitia haraka. The Sea Hawk ya mwaka 1940, ambamo watumwa wa makasia waliojikomboa wanaimba kwaya kamili melini, onyesho ambalo ukilipeleka kwenye jumba la opera hakuna atakayeshangaa. Kings Row ya mwaka 1942. Inasemekana alipoliona jina akadhani ni hadithi ya wafalme, akatunga ufunguzi wa kifalme, kumbe ni mji mdogo wa Marekani. Hakuubadilisha. Mwaka 1943 akawa raia wa Marekani. Nina dosari moja ya kumlaumu: hajui kunyamaza. Kuna mahali ungetamani mlango ufungwe bila tarumbeta.

Alikuwa ameapa kutotunga muziki wa ukumbini hadi Hitler aanguke. Vita vilipokaribia mwisho alianza konseto ya fidla, yaani kazi ya fidla moja ikisindikizwa na okestra, na akaitumia ile haki aliyoilinda kwenye mkataba: lahani zake za Another Dawn, Juarez, Anthony Adverse na The Prince and the Pauper zote zimo. Aliitunuku kwa Alma, mjane wa Mahler. Mpiga fidla Jascha Heifetz aliipiga kwa mara ya kwanza St. Louis, tarehe 15 Februari 1947. Watu walishangilia. Wahakiki wa New York waliikebehi. Mmoja alichezea jina la mtunzi, ambalo kwa sikio la Kiingereza ni corn na gold, nafaka na dhahabu, akimaanisha kwamba ndani yake pumba ni nyingi kuliko dhahabu.

Hapa pwani tungewashangaa. Tumekulia katika taarabu ambayo ilichukua lahani za filamu za Kihindi ikazivisha mashairi ya Kiswahili, na harusi zilikwenda vizuri. Lahani ikitoka sinema kwenda ukumbini haipandi cheo wala haishuki.

Alikwisha kusema, akikaribia miaka 50, kwamba umri huo ni uzee mkubwa kwa mtoto wa ajabu, na kwamba lazima aamue kama anataka kubaki mtunzi wa Hollywood hadi mwisho. Akaamua kutoka. Mwaka 1947 moyo ulimshtua, na mwaka 1949 akarudi Vienna. Mji ulikuwa na watu wengine na masikio mengine. Waliokuwa wa kisasa walimwona wa jana, na kwa wahakiki neno Hollywood lilitosha kuwa hukumu. Simfoni yake, aliyoitunuku kwa kumbukumbu ya Rais Roosevelt, ilisikika Vienna mwaka 1954 ikiwa haikufanyiwa mazoezi ya kutosha. Akarudi California. Tarehe 29 Novemba 1957 akafariki, akiwa na miaka 60.

Wakati ule wengi walidhani amesahauliwa. Mwaka 1972 mwanawe George, aliyekuwa mtayarishaji wa muziki, alitoa santuri ya muziki wa filamu za baba yake, okestra ikiongozwa na Charles Gerhardt, nayo ikauzika kupita matarajio. Mwaka 1975 Die tote Stadt ikarudi jukwaani New York City Opera. Tazameni mpangilio: filamu ndiyo iliyoifungulia opera mlango wa kurudi. Na mwaka 1977 John Williams akafungua Star Wars kwa tarumbeta ambazo ukizisikiliza kando ya zile za Kings Row utajua nasaba yake bila kuoneshwa cheti.

Maneno yangu yametosha. Yaliyobaki ni ya masikio. Tutasikiliza vipande vitatu kwa mpangilio huu: wimbo wa Marietta, kisha mahaba ya Robin Hood na Marian, kisha sehemu ya pili ya konseto ya fidla. Sitawaambia kimoja kinaishia wapi na kingine kinaanzia wapi. Anayedhani anaweza kutenganisha cha jukwaa na cha sinema anyooshe mkono, tutabishana wakati wa maswali. Fundi mitambo, tuwekee.